Miaka ya Kushikiza na Nafasi Katika Tange



Liko swali ambalo hutujia mara kwa mara kutoka kwa watu wanaotutaka tuwasomee barua za kazi au tuwaandikie maombi kwa waajiri wao. Mtu ameitumikia ofisi ya serikali miaka saba au kumi kwa masharti ya muda, akihuishiwa mkataba kila unapokwisha. Siku moja hupewa barua ya ajira ya kudumu, akafurahi yeye na watu wa nyumbani kwake. Baada ya miezi michache hutolewa orodha ya ukubwa kazini, ile ambayo watumishi wetu huiita tange, naye hulikuta jina lake chini ya jina la kijana ambaye yeye mwenyewe ndiye aliyemfundisha kazi. Hapo huuliza: ile miaka yangu imekwenda wapi?

Huenda wapo watakaosema kwamba jambo hili ni la wanasheria na maofisa utumishi, halina mahali katika kurasa za familia. Sisi tunaona vingine. Nafasi katika tange ina neno kubwa katika kuamua nani atafikiriwa kwanza kupandishwa cheo na nani atakaimu ukuu wa idara. Cheo huleta mshahara, na katika utumishi wa nchi nyingi mshahara wa mwisho ndio msingi wa hesabu ya pensheni. Kwa hiyo mstari mmoja katika orodha iliyobandikwa ukutani ofisini hufika hadi kwenye karo ya mtoto, kwenye nyumba isiyomalizika kujengwa, na kwenye matunzo ya mjane.

Yafaa kwanza tutenganishe mambo matatu ambayo watu wengi huyachanganya. La kwanza ni kudumishwa kazini, yaani aliyekuwa wa muda kuingizwa katika masharti ya kudumu. La pili ni mafao, yaani miaka ya muda kuingizwa katika hesabu ya pensheni au kiinua mgongo. La tatu ni ukubwa kazini, yaani miaka hiyo kuhesabiwa anapowekwa katika mstari pamoja na wenzake. Mtu anaweza kulipata la kwanza, akalipata na la pili, na bado akalikosa la tatu.

Sababu yake si ngumu kuielewa. Mambo mawili ya mwanzo ni baina ya mtumishi na mwajiri wake. Akipewa haki yake, anayelipa ni serikali. Jambo la tatu lina mtu mwingine ndani yake. Kila ngazi anayopandishwa huyu katika tange, yuko mwenzake anayeshushwa. Ndiyo maana mahakama zinazoweza kuwa na huruma katika pensheni huwa na tahadhari kubwa zinapofika kwenye ukubwa kazini.

Nchi ambayo swali hili limechambuliwa kwa kina kirefu ni India. Kwetu si mbali kama inavyodhaniwa. Baada ya Waingereza kuitwaa Tanganyika, sheria kadhaa za India zililetwa zikatumika hapa. Sheria ya Mikataba ya India ya mwaka 1872 ilitumika kwetu hadi ilipotungwa yetu mwaka 1961, na Sheria ya Ushahidi ya India iliendelea hadi mwaka 1967. Utumishi wa serikali pia tuliurithi kutoka kwa mtawala yule yule, pamoja na barua zake za ajira, muda wake wa majaribio na kuthibitishwa kwake kazini. Hukumu za India haziwafungi majaji wetu, lakini husomwa na hutajwa mahakamani kwetu kwa ajili ya mwongozo. Tunaweza basi kujifunza kwa waliotangulia kuugua ugonjwa huu.

Katika jimbo la Maharashtra, ambalo mji wake mkuu ni Mumbai, kulikuwa na makundi mawili ya wahandisi wa serikali. Kundi moja ni la walioingia moja kwa moja kwa kushindana. Kundi la pili ni la waliopanda kutoka vyeo vya chini na kushika nafasi hizo hizo kwa kukaimu. Kanuni ilisema kwamba ukubwa kazini utahesabiwa tangu siku ya kuthibitishwa. Walioingia kwa kushindana walithibitishwa kwa utaratibu unaojulikana mara baada ya muda wa majaribio. Waliopanda kutoka chini walikaa miaka mingi wakikaimu bila kuthibitishwa, wakifanya kazi ile ile na kubeba dhamana ile ile. Matokeo yake, mtu aliyeishika nafasi kwa miaka kumi angeweza kuwa mdogo kazini kwa mtu ambaye wakati ule alikuwa bado chuoni.

Mwaka 1977 Mahakama ya Juu ya India iliikataa kanuni hiyo katika shauri la Patwardhan. Jaji Y. V. Chandrachud alieleza kwamba kuthibitishwa katika kazi ya serikali ni jambo lisilotabirika, lisilofuata ubora wa mtumishi wala kuwepo kwa nafasi. Haifai kuuning'iniza ukubwa wa mtu kazini kwenye uzi kama huo. Aliyefanya kazi mfululizo katika nafasi halali, hesabu yake ianzie siku alipoanza kuifanya.

Ugomvi haukuishia hapo. Mwaka 1990 majaji watano waliketi kulisikiliza shauri la wahandisi walioingia kwa kushindana katika jimbo lile lile, wakatoa hitimisho 11. Mawili kati ya hayo ndiyo yanayotajwa hadi leo kila swali hili linapozuka katika nchi ile.

Hitimisho la kwanza lina pande mbili. Aliyeajiriwa kwa kufuata kanuni, ukubwa wake huhesabiwa tangu siku ya kuajiriwa, wala haungoji siku ya kuthibitishwa. Lakini aliyewekwa kwa kushikiza tu, nje ya kanuni, kwa ajili ya kuziba pengo, muda huo hauhesabiwi katika ukubwa kazini. Hitimisho la pili linamtazama mtu wa katikati. Huyu hakuajiriwa kwa kufuata utaratibu wote, lakini ameendelea katika nafasi yake bila kukatizwa hadi alipoingizwa rasmi kwa mujibu wa kanuni. Muda wake wa nyuma utahesabiwa.

Msomaji makini ataona kwamba maneno haya yanaweza kuvutwa huku na huku. Wa kushikiza atasema yeye ni wa hitimisho la pili. Mpinzani wake atasema ni wa upande wa pili wa hitimisho la kwanza. Mwaka 1993, katika shauri la wahandisi wa West Bengal, mahakama ile ilifafanua mpaka. Hitimisho la pili linamhusu mtu aliyeajiriwa katika nafasi iliyokuwepo kweli, akiwa na sifa zinazotakiwa, bila kuwekewa muda maalumu wa kukoma, na kasoro yake ikawa ni ya utaratibu tu. Aliyeitwa kwa muda, akijua ni kwa muda, ili kungojea watakaochaguliwa rasmi, hawezi kupita katika mlango huo.

Asidhani mtu kwamba hii ni shida ya wadogo peke yao. Mwaka 2000 majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India walitoa uamuzi kuhusu ukubwa kazini wa mahakimu wa ngazi ya juu wa Delhi, watu ambao kazi yao ni kuwapimia wengine haki. Mahakama ilisema kwamba mtu mwenye sifa, aliyewekwa katika nafasi baada ya mamlaka husika kushauriwa, na akaishika kwa muda mrefu, hawezi kuitwa mshikizi aliyepita kwa bahati. Kilichotazamwa ni namna alivyoingia na muda aliokaa, hata kama barua yake ilimwita kwa jina jingine.

Kufikia hapa huenda msomaji amekwisha kuegemea upande wa aliyengoja. Uadilifu unatutaka tuusikilize na upande wa pili. Waswahili husema, asiyekuwepo na lake halipo. Katika shauri la mtumishi wa muda na serikali, wapo watu ambao hawamo katika chumba cha mahakama: vijana waliosoma, wenye sifa, ambao nafasi ile haikupata kutangazwa wakaiomba. Kila anayeingizwa kwa mlango wa uani huwafungia hao mlango wa mbele.

Hoja hii ndiyo iliyoshinda mwezi Aprili 2006 katika shauri la jimbo la Karnataka na Umadevi, lililowahusu watumishi waliokuwa wakilipwa kwa siku. Majaji watano walisema kwamba Katiba ya India, katika ibara za 14 na 16, imeahidi usawa katika kazi za serikali. Kwa hiyo kukaa muda mrefu peke yake hakumpi mtu haki ya kudumishwa. Waliacha nafasi moja. Wale wenye sifa, waliokuwa katika nafasi zilizoidhinishwa, ambao kuajiriwa kwao kulikuwa na kasoro lakini si haramu moja kwa moja, na waliofanya kazi miaka kumi au zaidi bila kuegemea amri za mahakama, wafikiriwe kwa mara moja tu. Serikali ilitakiwa kulianza zoezi hilo ndani ya miezi sita.

Hukumu hiyo ilikusudiwa kuziba mlango wa uani. Yaliyotokea ni kwamba baadhi ya idara ziliendelea kuutumia mlango ule ule, zikaifanya hukumu kuwa ngao. Waliajiri kwa muda, wakaongeza muda, na mtumishi alipodai haki akaambiwa kwamba sheria hairuhusu. Mwezi Desemba 2024 Mahakama ya Juu ya India ililiangalia shauri la wafagiaji na mfanyakazi wa bustani wa Tume Kuu ya Maji ya nchi hiyo, waliotumika miaka mingi kisha wakaachishwa. Mahakama iliamuru warudishwe kazini na wadumishwe. Ilisema pia kwamba uamuzi wa mwaka 2006 haukuwekwa ili kuwanyima haki watu waliotumikia kazi za kudumu kwa miaka mingi.

Tuitazame amri ile kwa makini, kwani inaonyesha yale mambo matatu tuliyoyatenganisha. Watumishi wale walidumishwa. Mshahara wa muda waliokuwa nje hawakupewa. Lakini utumishi wao ulihesabiwa kuwa haukukatika, na muda ule ukaingizwa katika mafao yao ya kustaafu. Vivyo hivyo, mwaka 2019, katika shauri la watumishi wa jimbo la Uttar Pradesh waliokuwa wakilipwa kutoka katika fungu la kazi maalumu, mahakama iliamua kwamba miaka waliyofanya kabla ya kudumishwa iingie katika hesabu ya pensheni. Katika mafao hakuna mwenzao aliyeshushwa; ilikuwa ni serikali kulipa deni la kazi iliyokwisha kufanywa.

Baada ya kuyapitia haya yote, sisi tunaona kwamba mizani ya haki ina maswali matatu. Mtu huyu aliingia kwa mlango gani? Nafasi aliyoishika ilikuwa nafasi ya kweli, au pengo la muda? Na aliishika mfululizo, au kwa vipande vipande? Aliyefanyiwa usaili, akawa na sifa, akaishika nafasi ya kweli bila kukatika, huyo ametumika kama mtumishi yeyote, na neno «muda» katika barua yake ni wino tu. Kumwanzishia hesabu upya siku ya kupewa barua mpya ni kumnyang'anya. Aliyeitwa kwa kujuana, bila tangazo wala ushindani, alipwe kila senti ya jasho lake na asikoseshwe mafao. Lakini kumweka mbele ya aliyeshindana mbele ya watu ni kumlipa kwa mali ya mwingine.

Neno hili la mwisho ni gumu kwa baadhi ya wasomaji wetu, nasi tunalijua hilo. Wengi walioingia kwa kushikiza hawakuuchagua mlango. Walikuta ndio ulio wazi, wakaingia wakitafuta riziki ya halali. Aliyeuacha wazi kwa miaka kumi ni mwajiri, naye ndiye aliyepata faida: mtumishi wa bei nafuu asiyeweza kulalamika. Ndiyo maana lawama tunaielekeza huko. Si sawa kijana mpya na mzee wa kushikiza wachukiane ofisini, kila mmoja akimwona mwenzake kuwa mwizi wa nafasi yake, hali mkosaji ni aliyechelewa kutangaza nafasi.

Katika eneo letu mambo haya yako hai. Mwezi Aprili 2024 Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi jijini Nairobi iliamua kwamba Tume ya Huduma za Walimu ya Kenya haina mamlaka ya kuwaajiri walimu waliohitimu na kusajiliwa kwa jina la tarajali, kwa posho iliyo chini ya mshahara wa mwalimu. Kilio cha walimu wale kilikuwa juu ya kudumishwa. Swali la ukubwa kazini hufuata nyuma yake kama kivuli. Kwetu Tanzania wapo walimu na wahudumu wa afya wanaojitolea au kutumika kwa mikataba mifupi, wakitumaini kwamba siku ya kuajiriwa ikifika miaka hiyo itatazamwa. Na katika Mfuko wa Hifadhi ya Jamii kwa Watumishi wa Umma, pensheni ya kila mwezi humtaka mwanachama awe amechangia si chini ya miezi 180, yaani miaka 15. Aliyeingia katika ajira ya kudumu akiwa na miaka 48, huku miaka yake ya nyuma haikuchangiwa popote, ataona mwenyewe namna hesabu inavyombana kabla ya kutimiza miaka 60.

Kwa hiyo tunatoa nasaha tatu kwa familia zenye mtumishi wa muda.

La kwanza ni karatasi. Mali bila daftari hupotea bila habari, na miaka ya kazi ni mali. Hifadhini tangazo la nafasi kama lilikuwepo, barua ya kuitwa kwenye usaili, barua ya kwanza ya ajira, kila barua ya kuhuisha mkataba, na hati za mshahara. Swali la mlango uliotumika huhitaji karatasi za kulijibu. Pasipo karatasi, mwaka aliofanya kazi mtu huweza kukanwa na asiwe na la kujibu.

La pili ni kuisoma barua kabla ya kuitia saini. Je, inasema umeajiriwa katika nafasi iliyoidhinishwa, au kwa muda hadi atakapopatikana mwingine? Je, makato ya hifadhi ya jamii yanakatwa na yanapelekwa? Na mkataba mmoja unapokwisha, mwingine unaanza siku ya pili yake, au kuna mwanya wa mwezi? Mwanya huo mdogo huweza kukata mfululizo wa miaka mingi. Anayeombwa kukaa nyumbani wiki mbili baina ya mikataba aulize sababu, kwa adabu na kwa maandishi.

La tatu ni kutochelewa. Tange ikitolewa na ukaona umewekwa mahali pasipostahili, andika mapema kwa mwajiri wako, ubaki na nakala iliyopigwa mhuri wa kupokelewa, na uulize muda wa kukata rufaa katika tume inayohusika. Mwaka 1974 Mahakama ya Juu ya India ilimkatalia mtumishi aliyekaa miaka 14 ndipo akalalamika kwamba alirukwa katika kupandishwa cheo. Ilisema mtu wa namna hiyo afike ndani ya miezi sita, au mwaka mmoja kwa kuzidi. Tusingoje kusema hadi wenzetu wamekwisha kupanga maisha yao juu ya orodha ile; kuivunja baada ya hapo ni kuwadhulumu na wao.

Wapo pia miongoni mwa wasomaji wetu wakuu wa shule, waganga wakuu na maofisa utumishi. Kwao tuna neno moja. Nafasi iliyo wazi itangazwe, na anayeishikiza ajulishwe na aruhusiwe kushindana, uzoefu wake ukipewa alama zake za haki mbele ya wote. Hapo atakayeshinda hatakuwa na deni kwa yeyote, na atakayeshindwa atajua alishindwa na nani na kwa nini. Ajira ya muda iwe ya muda kweli. Ikipita mwaka wa pili na wa tatu, kazi yenyewe imekwisha kujitangaza kuwa ni ya kudumu, na kuendelea kuiita ya muda ni kuichukua miaka ya mtu bila kuiandika.

Na yule ndugu anayeuliza miaka yake imekwenda wapi, tunamshauri aanze kwa kuzitoa barua zake kabatini na kuzipanga kwa tarehe. Akishazipanga, ajiulize yale maswali matatu ya mlango, nafasi na mfululizo. Majibu yake ndiyo yatakayomwonyesha kama madai yake ni ya tange, ya mafao, au ya yote mawili, na maombi yaandikwe kwa kufuata hayo.

Juma lijalo, insha Allah, tutaendelea na nyaraka nyingine ambazo kila nyumba inapaswa kuwa nazo.